Mbuzi Walitangulia, Yakobo Akafuata

Siku hiyo ninaikumbuka vizuri, mwanangu. Ilikuwa Ijumaa, siku yetu ya kupumzika kule Doha, nasi tulikuwa tumekusanyika mtaa wa Najma katika chumba cha Mama Akello kwa maombi. Mimi nilikuwa yaya kwenye nyumba ya Waarabu, tena mtu mzima niliyekwisha kuzaa, lakini mbele ya Mama Akello nilikuwa mtoto. Yeye alikuwa Mganda wa kutoka Lira, mpishi wa hoteli, kichwa mvi tupu, na Biblia yake alikuwa ameishona kwa uzi mweusi isitawanyike.

Maombi yalikuwa yamekwisha, chai inamiminwa, mdogo wangu Wekesa akaingia na katoni begani.

Nikueleze kwanza habari ya hiyo katoni, maana mgeni njoo mwenyeji apone, lakini mgeni asiyeelezwa hupotea. Kwetu ni kijijini, Kiminini. Baba yetu, Mzee Simiyu, alituzaa watatu: mimi Nekesa, akafuata Barasa, na Wekesa kitinda mimba. Barasa alikuwa na ng'ombe wawili wa kulima, Kahawa na Sultani. Aliwalea tangu ndama, akawafundisha nira mwenyewe. Wekesa alipopata nafasi ya kazi Doha, hela ya kumlipa wakala haikuwepo. Barasa akaenda Webuye kwenye msiba wa wakwe zake, na aliporudi alikuta kamba imelala chini, ng'ombe hakuna. Wekesa alikuwa amemlilia baba mpaka baba akawauza.

Barasa hakumpiga mtu. Alisema tu, "Huyo asikanyage hapa nikiwa hai." Na Wekesa hakukanyaga. Hata baba alipofariki hakuja kuzika.

Kule Doha alikuwa dereva wa basi, akipeleka wafanyakazi mji mpya wa Lusail, miaka ile ambayo Lusail ilikuwa bado mchanga na vyuma. Likizo yake ikifika, aliomba kampuni impe hela badala ya tiketi, na hela hizo akanunulia vitu vya Barasa. Mara koti, mara simu, mara buti. Kila aliyekwenda nyumbani alibebeshwa katoni ya Barasa.

Sasa Mama Akello akamuuliza, "Hiyo ni ya nani?"

"Ya kaka, Mama. Ni redio na blanketi. Nafula wa kwetu anaenda likizo, nataka amfikishie."

"Na ile ya mwisho alisemaje?"

"Alinyamaza."

"Na ile nyingine?"

"Alinyamaza pia."

Kulikuwa na msichana wa Nairobi hapo, Sharon, anayepaka kucha rangi. Akacheka. "Anko Wekesa, huyo buda anakungoja wewe, si hizo blanketi. Enda home bana!"

"Nyamaza wewe. Humjui Barasa. Panga lake linanyoa ndevu."

Mama Akello akaweka kikombe chini, akaenda akaketi juu ya ile katoni. Hakuomba ruhusa.

"Sikiliza, Wekesa. Yakobo alikushinda makosa. Wewe uliuza ng'ombe. Yeye alijifunga ngozi ya mbuzi, akamdanganya baba yake kipofu, akachukua baraka ya Esau. Kisha akakimbilia kwa mjomba wake Labani, akafanya kazi kama sisi hapa, mjomba anageuza mshahara kila akiamka. Akapata wake, watoto, kondoo. Siku ya kurudi akaambiwa, Esau anakuja na watu mia nne. Akafanya nini?"

"Alituma zawadi," Wekesa akajibu upesi, kama mtu aliyeshinda kesi. "Mbuzi, ngamia, punda, kundi baada ya kundi. Si ndivyo ninavyofanya?"

"Ndivyo. Halafu?"

Mama Akello akapiga goti lake kwa kiganja.

"Halafu akafuata mwenyewe! Anachechemea, nyonga imeteguka usiku, anainama mpaka chini. Na Esau hakukimbilia mbuzi, alimkimbilia Yakobo. Hata alimuuliza, haya makundi ya nini, ndugu yangu, mimi ninavyo vya kutosha. Wewe umetuma mbuzi miaka yote hii. Yakobo mwenyewe yuko wapi? Yuko Lusail anapiga honi!"

Watu wakacheka. Wekesa hakucheka. Mama Akello akashusha sauti.

"Mama yenu yupo?"

"Yupo," nikasema mimi. "Macho yamefifia. Kila nikipiga simu anauliza tutakuja lini."

"Basi na hili mlisikie. Rebeka alimwambia Yakobo akakae kwa mjomba siku chache tu, hasira ya kaka ipoe. Siku chache! Ikawa miaka ishirini. Mimi Biblia hii nimeisoma mpaka imepasuka, na sijaona mahali Rebeka alipomwona tena mwanawe. Kaka anaweza kungoja, Wekesa. Mama hawezi."

Wekesa akaitazama ile katoni. "Shuka basi, Mama. Utavunja redio."

"Ivunjike."

Wekesa hakumpa Nafula kitu. Likizo iliyofuata alichukua tiketi, na mimi mkataba wangu ulikuwa umekwisha, tukaenda pamoja.

Tulifika wakati wa kulima. Barasa alikuwa shambani na ng'ombe wa kuazima, na mkewe Nasimiyu ndiye aliyeshika kamba mbele, akiwaongoza. Kwetu kushika kamba ni kazi ya watoto. Mtu mzima anashika jembe la ng'ombe nyuma. Wekesa akavua viatu vyake vya Doha, akakunja suruali, akaingia matopeni mpaka kwa shemeji yake. "Nipe hiyo kamba." Nasimiyu akamtazama mumewe. Barasa alisimama tu, mikono juu ya jembe. Mimi pale ukingoni nilikuwa nikitafuta kwa macho lile panga liko wapi.

Mwishowe Barasa akasema, "Unangoja nini? Ng'ombe hawa ni wa watu."

Wakaanza. Walipofika katikati nikamsikia Barasa, "Nyoosha! Huko ulikuwa unaendesha basi au nyoka?" Wekesa akacheka, akajipangusa uso kwa mkono wenye matope.

Mama alikuwa ameketi mlangoni. "Nekesa," akaniita, "nasikia sauti mbili shambani. Hiyo ya pili ni ya nani?"

"Ya Wekesa, mama."

Akaniambia nigeuze kiti chake kielekee shambani.

Jioni nilimuuliza Barasa zile katoni ziko wapi. "Ziko stoo. Koti langu ninalo." Zilikuwa huko zote, hata karatasi ya gundi haijabanduliwa. Lakini kesho yake alitoka amevaa zile buti. Hakushukuru, na Wekesa hakungoja kushukuriwa.

Mama alituacha mwaka huo huo, mahindi yakiwa yamekauka. Mahindi ya shamba lile ndiyo tuliyowapikia watu wa matanga, na jeneza Barasa alishika mbele, Wekesa nyuma.

Mwanangu, wazee walisema ndugu wakigombana chukua jembe ukalime, wakipatana chukua kapu ukavune. Mimi wa kwangu niliwaona wakipatana na jembe lenyewe mkononi. Wewe leo uko mbali, na simu yako inatuma kila kitu kabla chai haijapoa. Sikukatazi kutuma. Yakobo alituma, na Mungu hakumkemea. Ila ukiwa umemkosea mtu, usijifiche nyuma ya mbuzi. Usingoje ajibu ndipo uende, maana anayengoja mlangoni huenda si yeye uliyemkosea, ni mama yako. Nenda, na ukifika usitafute kiti cha mgeni. Tafuta kamba, uishike mbele.

Mungu wa Yakobo akupe miguu ya kurudi, hata ikiwa ya kuchechemea. Uliyemkosea akuone ungali mbali, na aliyekuzaa aisikie sauti yako masikio yake yangali mazima. Amina, mwanangu.