Kanda za Shemeji na Chumba cha Mjukuu

Shemeji yangu, mdogo wake mume wangu, ni fundi redio. Ndege hajawahi kupanda, ila safari za anga za juu anazijua kuliko njia ya sokoni. Tangu ujana wake, kila redio ilipotangaza safari hizo, aliweka kinasa sauti mbele ya spika, akatuamuru tunyamaze. Waya wa kuviunganisha alikuwa nao, lakini alidai waya unakula sauti. Basi nimenyamazishwa ndani ya nyumba yangu mwenyewe kwa ajili ya watu wanaoelea.

Kanda zikajaa chumba cha nyuma. Mimi naogopa moto, mende na ukungu, na chumba kile kilialika vyote. Binti yangu alipokuja kungojea kujifungua, nikamwambia shemeji akiachie chumba.

"Nizipeleke wapi, shemeji?"

"Mwezini. Si ndiko unakokujua?"

Alicheka, ila chakula hakugusa. Nilimchungulia akifuta vumbi kanda mojamoja, kama anayeaga.

Kesho yake akapiga simu kituo cha redio. Wao za kwao walishazifuta zamani, wakarekodia mpira. Wakamwelekeza maktaba kuu, nayo ikamtuma dada mmoja anayekusanya matangazo hayo ili kila mtu ayasikilize bure. Nilimpokea kama mkwe. Maboksi niliyasogeza mlangoni mwenyewe.

Kanda ya kwanza ikawekwa. Mtangazaji, pumzi juu juu, anaeleza chombo kinavyoshuka kwenye sayari. Kinakaribia, kinakaribia, kinagusa, na papo hapo mwanamke anafoka: "Nani kaacha mlango wa choo wazi? Mtoto ataingia!" Kikafuata kicheko cha mtoto anayekimbia.

Mwanamke ni mimi. Mtoto ndiye huyu aliyekaa kwenye kochi, tumbo mbele.

"Mama, kumbe hujaanza leo," akasema.

"Hicho kipande tunaweza kukikata," dada wa maktaba akanihurumia.

"Kiacheni," shemeji akasema. "Ya huko juu wanayo wengi. Ya huku chini atawaambia nani?"

Dada akashinda kwetu siku kadhaa akinakili kanda zote kwenye kidude kisichozidi ukucha, kisha akafunga mkoba.

"Na maboksi?" nikamuuliza.

"Hayo ni yenu, mama. Sisi tunachukua sauti tu. Yawekeni pasipo joto wala unyevu."

Shemeji akaniangalia. Katika nyumba hii pakavu ni mahali pamoja tu, na napajua kwa sababu kila mvua mimi ndiye ninayepapasa kuta. Nikafikiria ukungu ukikila kile kicheko.

"Yapelekeni chumbani kwangu," nikasema.

Sasa mume wangu analala kajibana ukutani, ananung'unika kwamba hata angani kuna nafasi zaidi. Mjukuu ana chumba chake. Majirani wameshasikiliza kwenye simu zao, na wakipita wananiuliza kuhusu choo, hakuna anayeuliza kuhusu sayari.

Mlango wa choo nimeutia komeo.