Mama Alikuwa Anafukuza Ndege

Nilimsikia mama yangu akivuta pumzi ndani ya simu ya binti yangu, na mama alikufa mimi bado mtoto. Nilikuwa napepeta mchele kibandani kwangu hapa Iringa, Neema kakaa juu ya gunia anaangalia filamu yake. Ikaja kwanza ile pumzi, ndefu, inakwaruza mwishoni. Halafu ukelele. Ungo ukanitoka mikononi, mchele wote chini.

"Mama, umeona nyoka?" Neema akacheka.

Nikaichukua simu. Kwenye kioo mwanamke wa Kizungu alikuwa anazika mtu kwenye theluji, na juu ya theluji ile mama yangu anaita kwa Kisangu chetu.

Ngoja nirudi nyuma, msije mkasema nimechanganyikiwa.

Kwetu ni Rujewa, kwenye mashamba ya mpunga. Mpunga ukianza kubeba, watu wote wanahamia shambani kuamia, yaani kufukuza ndege, maana kwelea wakishuka na wewe umezubaa, umelima bure. Mama alikaa juu ya dungu, lile jukwaa la miti, kashika kamba zenye makopo zilizokwenda kila pembe ya shamba. Akivuta, makopo yanalia. Lakini silaha yake hasa ilikuwa mdomo. Aliwatuma ndege kwa jirani.

"Nendeni kwa Mama Tulizo! Mpunga wake mtamu, na mwenyewe bado kalala!"

Mama Tulizo naye anawarudisha kutoka dungu lake: "Rudini kwa huyo mwenye maneno! Mkimaliza mpunga, mle na ulimi wake!"

Jioni wanakoka moto mmoja, wanakula ugali na perege, wanacheka mpaka machozi. Ndivyo tulivyoishi. Mwanamke asiyejua kuwasema ndege alionekana hakufundwa.

Siku moja Mwinjilisti Luhwago alituletea Mzungu kijana, mrefu, jua limembabua pua yote. Akasema huyu ni Heikki, ametoka Ufini, anatafuta sauti.

"Yake kaipoteza wapi?" Mama Tulizo akauliza, na sisi watoto tukaanguka kwa kicheko.

Yule kijana alisimama kwenye tuta tangu asubuhi, kavaa vidude masikioni, mkononi ana fimbo yenye manyoya kama paka. Niliona ni mjinga. Kutoka huko kote kuja kusikiliza kitu ambacho sisi tunakisikia bure! Aliponiona namkodolea macho akachuchumaa, akanivalisha vile vidude. Jamani. Mama alikuwa kule mbali, mdogo kama kidole, na hapo hapo alikuwa ndani ya sikio langu. Nilisikia kamba ikisuguana na kiganja chake. Nilisikia pumzi anayovuta kabla hajapiga kelele, pumzi ambayo sikujua kama anayo. Nilisimama pale nimeshika masikio yangu, sitaki kuvua.

Heikki akamuuliza Luhwago kitu, akionyesha dungu. Luhwago alijibu kwa Kiingereza kirefu, mkono kifuani, kafumba macho kama yuko madhabahuni. Hatukuelewa hata neno.

Kabla ya kuondoka, Mfini alimletea mama kaseti yenye sauti yake. Redio hatukuwa nayo, Luhwago akaichukua kaseti, akasema tutaisikilizia kwake. Masika yakaingia na kipindupindu. Tulilala mkeka mmoja, mama na mimi. Niliamka peke yangu.

Baada ya maziko shangazi alinipeleka kwa Luhwago nikasikie sauti ya mama. Akaweka kaseti. Kwaya ikaimba.

"Mama yangu yuko wapi?" nikauliza.

"Yale matusi nimeyafuta," alisema. "Hayafai kukaa kwenye nyumba ya Mungu."

Sasa Neema amenitafutia habari za Heikki. Ni mzee, ndevu nyeupe, anatunga muziki wa filamu, na ana chumba kizima cha sauti alizokusanya duniani. Kwenye mahojiano anasema kazi yake yote ilianzia kwenye tuta la mpunga, na kila filamu lazima aweke sauti ile. Neema alinifungulia filamu nyingine. Katika moja ameivuta taratibu mpaka imekuwa upepo. Katika nyingine iko chini ya vinanda, kama mtu anapumua nyuma ya mlango. Kila mara nilimpata mama kabla ya Neema. Mama ambaye hata Mbeya mjini hakufika, watu wanakaa gizani huko Ulaya wanamlilia! Utotoni nilimwita yule kijana mjinga, kumbe ndiye aliyemsikiliza mama kuliko sisi sote.

Lakini Heikki anasema sauti ile ni sala. Anasema mwinjilisti alimweleza kwamba yule mama alikuwa anawaombea wafu. Basi ndiyo maana ya yale maziko ya kwenye theluji. Mama yangu aliyechekesha mashamba yote ya Rujewa, wamemfanya mfiwa wa milele, na jina lake halijaandikwa popote.

Luhwago yu hai. Amestaafu, anakaa Kalenga, nimemwona sokoni na fimbo yake akichagua nyanya. Mwinjilisti, mimi sikutukani. Neema amempata yule Mfini, anasubiri kupigiwa, simu iko hapa kibandani. Njoo umwambie kwa mdomo wako mwenyewe mama alikuwa anasema nini, na Mama Tulizo alikuwa nani. Umwambie pia mama alikuwa anaitwa Sekela. Njoo, na safari hii usifumbe macho.