Mwigizaji wa Kicheki Kwenye Basi la Shiling

Juzi, ndani ya basi la kwenda Shiling, mji wa bidhaa za ngozi huko China, kununua mikoba, niliketi nyuma ya mama wa Kizanzibari na mzungu mwenye mvi. Kwa Kiingereza cha kuungaunga, mzungu alimweleza kwamba kwao Ucheki aliigiza filamu tangu usichana. Alipofika miaka hamsini, waongozaji wakaacha kumpigia simu, naye akafungua duka.

"Wakakuacha hivihivi, dada yangu?" mama akauliza.

"Mwisho walinipa nafasi ya maiti. Nikakataa."

Mama akamshika mkono. "Ulifanya vyema. Kufa kupo tu, hakutaki mazoezi."

Mzungu akacheka mpaka akafuta machozi. Mimi nikawaza: ni wangapi kati yetu tungekubali kulala chali, mradi tu tuonekane?