Paji la Mama Saa Sita Mchana

Mimi ndiye niliyemwambia mama avuke saa sita. Nasema hivyo mapema, kwa sababu nyumbani kwetu habari hii husimuliwa kana kwamba jua lilijipangia lenyewe.

Mama anauza karoti na vitunguu Goma. Huondoka hapa Nengo, upande wa Rwanda, alfajiri, huvuka mpaka wa Congo pale Grande Barrière, na jioni hurudi na beseni kichwani, ndani yake furushi la vitenge alivyoagizwa na majirani. Foleni ya jioni ilikuwa ikimchosha miguu, naye akichoka hunung'unika hadi nyumba ya tatu wasikie. Mimi ni mwalimu wa hesabu, siwezi kukaa karibu na tatizo bila kuligusa. Kwa majuma mawili niliitazama foleni kila nilipopata nafasi ya kupita, nikaandika kwenye daftari, kisha nikatoa hukumu: saa sita mchana watu ni wachache kuliko saa nyingine yoyote.

"Rudi saa sita, Mama," nikamwambia. "Uwezekano wa kusimama sana ni mdogo."

"Bon," akasema. "Kama daftari inasema."

Daftari halikuandika kwa nini foleni ya saa sita ni fupi. Ni kwamba saa hiyo wanawake wenye akili zao wako kivulini.

Ilikuwa ile miezi ambayo Ebola ilisikika ng'ambo, mbali na Goma lakini si mbali vya kutosha. Kwenye barrière kila aliyetoka upande ule alinawa mikono, akaelekezewa kipimajoto kwenye paji la uso, akapita zake. Mama alifika ametembea juani na mzigo, kilemba amekishusha hadi kwenye nyusi ili ngata isiteleze. Alikivua, wakampima palepale kilipokuwa kimembana. Homa. Wakampima tena. Homa. Wakamkalisha kwenye hema, peke yake.

Aliyenipigia simu ni mwenzake wa biashara, muuza nyanya, ambaye mama alikuwa amemgawia ushauri wangu naye akaufuata.

"Mwalimu, kuya mbio. Mama balimupima, machine inasema iko na homa. Bamemuweka mu hema."

"Anaonekana mgonjwa?"

"Mi sijue. Naona iko na hasira tu."

Nilikuwa nimetoka darasani, mfuko wa maharage bado mkononi. Maharage meupe mengi, mekundu machache. Ndivyo ninavyofundisha uwezekano. Na wanafunzi wangu wanajua kitu kimoja kinachonipandisha hasira: mtu kugeuza sentensi kama chapati na kudhani ni ileile. Huwa nawapigia kelele, "Kila mbuzi ana miguu minne. Meza hii nayo ina minne. Tuichinje?" Wanacheka, halafu kwenye mtihani wanaichinja meza.

Basi nilishuka ile barabara nikijihutubia. Kila mwenye Ebola hupata homa. Haina maana kwamba kila mwenye homa ana Ebola. Tuseme watu elfu kumi wamevuka. Wenye paji la moto watakuwa wangapi? Wenye malaria, wenye mafua, waliokimbia, waliobeba mzigo juani. Gunia zima la maharage meupe. Na jekundu? Labda hakuna hata moja. Hesabu ilikuwa wazi, nzuri, ningeweza kuiandika ubaoni kwa chaki. Nilitembea huku nikiirudia, na kila nilipomaliza niliianza upya, maana miguu haikuwa inasikiliza.

Karibu na ziwa nikakumbuka kitu, nikasimama katikati ya njia hadi dereva wa pikipiki akanitukana. Siku mbili kabla, mama alipitia kwa mdogo wake kule Goma, mama yangu mdogo, aliyekuwa kitandani. "Tumbo tu," mama alisema aliporudi, akaingia jikoni. Tumbo lipi? Sikuuliza. Sasa mfuko haukuwa uleule. Maharage meupe yalikuwa yamepungua; kwa kiasi gani, sikujua. Nilimpigia mama mdogo, simu ikaita bila kupokewa. Nikaanza kujiambia kwamba kama angekuwa mzima angepokea, hajapokea, kwa hiyo... Nikajinyamazisha kwa sauti. Mama mmoja mwenye mtoto mgongoni akanipisha.

Pale barrière hawakuniruhusu kusogea, na walikuwa sahihi. Kijana aliyevaa glavu alinieleza kwa upole kwamba wanamwacha apumzike kivulini, watampima tena. Kwa mbali nilimwona mama kwenye kiti cha plastiki, beseni miguuni, amekunja mikono kifuani. Akaniona. Akainua kidole na kuonyesha jua, kisha akaninyooshea mimi.

Nikatembea hadi ufukweni, nikarudi. Nikanunua sambusa, nikaizungusha mkononi hadi karatasi ikalowa mafuta, nikaitupa. Nikapiga simu tena Goma. Nikahesabu waliopimwa wakapita: thelathini na saba, kisha nikapoteza hesabu, nikaanza moja. Niliogopa, nalo ni neno ambalo darasani silitumii. Niliogopa kwamba mama yangu atakufa na kwamba mimi ndiye niliyempangia saa.

Saa tisa walimpima mara ya tatu. Hakuna homa. Wakamuuliza maswali, wakaandika, wakamwambia akijisikia vibaya siku yoyote aende kituo cha afya mara moja, wakamwachilia.

Hapo ndipo ninapopaswa kuwa mkweli. Mama alizaliwa Goma, na nyumbani kwetu tunasalimiana kama watu wa Goma: kichwa kwa kichwa, upande wa kushoto, wa kulia, kisha paji kwa paji. Hajawahi kutoka safari, hata ya sokoni, bila kunisalimia hivyo. Alitoka kwenye kizuizi akiwa na kilemba mkononi, jasho limekauka, akanijia akiwa ameinamisha kichwa.

Nikarudi nyuma. Hatua moja. Nusu hatua, nikijitetea.

Akasimama, kichwa bado kimeinama kidogo. Kisha akakiinua.

"Daftari inasema nini?"

"Linasema huna kitu, Mama."

"Donc? Basi?"

Kila nilichokijua kilikuwa upande wake, na mwili wangu ulikuwa umesimama upande wa pili. Mama akafunga kilemba, akaweka ngata, akajitwika beseni mwenyewe na kutangulia. Nilimfuata nyuma nikiwa na mfuko wa maharage.

Jioni ile mama mdogo alipiga simu. Simu ilikuwa imeachwa kwenye chaji kwa jirani. Yeye mwenyewe alikuwa na vidonda vya tumbo, vile vya miaka yote, na tayari alikuwa akipika. Jekundu halikuwemo mfukoni. Lakini mama alikuwa ameshajitengea sahani, kikombe na kigoda chake karibu na mlango. Hakuna aliyemwomba. Alikula hapo siku ishirini na moja, zile ambazo Ebola hungojewa kujitokeza, akihesabu kwa sauti, akinitania: "Mwalimu, leo ni kumi na tano. Ungali unaniogopa?" Nilicheka. Ilinichoma, na nilicheka.

Amerudia kuvuka jioni, na foleni anaivumilia kimya. Akifika haniiti. Hukaa kwanza kizingitini, hushusha beseni, huvua kilemba, hulowesha kitambaa na kujifuta paji la uso polepole. Hujigusa kwa mgongo wa mkono, husubiri, hujigusa tena. Ndipo husema, "Kuya sasa," nami huenda: kushoto, kulia, paji kwa paji. La kwake huwa baridi, lina unyevu wa maji.

Juzi nilishindwa kungoja. Nilimwona akikata kona na mzigo wake, nikatoka mbio hadi njiani, nikainamisha kichwa mbele yake pale pale kwenye jua la jioni. Akaninyooshea kiganja, akanizuia kifuani.

"Ngoja, mutoto yangu," akasema. "Ingali moto."