Siku Mzee Ngatia Alipomwita Meneja

Wamae wa Ngatia aliingia benki mjini Nyeri kwa mlango wa nyuma, mwaka mmoja kabla ya Uhuru, akiwa amebeba birika la chai. Kazi yake ilikuwa kuwapelekea Wazungu chai, kukimbiza barua posta, na kufagia mahali wateja walipokanyaga. Baba yake, mzee Ngatia, aliuza beberu ili amnunulie viatu vya kwanza, maana walisikia kwamba benki haiandiki mtu wa miguu mitupu. Viatu vilimbana. Alivivaa hivyo hivyo mjini, na jioni akivuka mto kurudi kijijini kwao alivivua akavibeba, soli zisiishe.

Hakuwa mtu wa maneno mengi. Hesabu za benki alizijua kwa kuchungulia mabegani mwa makarani, na Uhuru ulipofika, Wazungu wakaanza kufunga masanduku yao, kila kiti kilichoachwa wazi alikikaribia kidogo. Akawa karani, akawa keshia, akawa msaidizi wa meneja kule Karatina. Mwishowe wakamrudisha Nyeri, safari hii kwa mlango wa mbele, yeye ndiye meneja.

Mzungu aliyempisha ofisini alimpa mkono, kisha akamwambia kwa upole, kama mtu anayempa mwenzake dawa, kwamba shida ya Waafrika ni jamaa. Kila wiki kuna mgonjwa, kila wiki kuna mazishi. Siku moja, alisema, Wamae naye atawafungia watu mlango kwa sababu shangazi amekohoa. Lile jambo lilimwingia Wamae kama mwiba unaovunjikia ndani ya nyama. Aliapa moyoni kwamba siku hiyo haitaonekana.

Sasa, chumba cha sefu kilikuwa na funguo mbili. Mmoja ulikaa na meneja, wa pili ulikaa na mhasibu, na sheria ilikataza mtu mmoja kuzishika zote mbili hata kwa muda wa kupepesa jicho. Mhasibu alikuwa Dawud, mzaliwa wa Majengo, mtaa wa Waislamu, mtu wa mzaha na swala. Wamae aliufunga ufunguo wake kiunoni kwa mnyororo. Akipiga magoti kanisani uligonga benchi, watu wakageuka. Mkewe, Wachuka, aliwaambia akina mama wa kanisa kwamba yeye ni bibi wa pili, wa kwanza ni wa chuma. Walicheka, naye alicheka, lakini si sana.

Ikaja ile Ijumaa. Ulikuwa mwaka ambao kahawa ilipanda bei mpaka watu wakaezeka mabati juu ya nyumba za udongo, na siku hiyo chama cha ushirika kilikuwa kimewaambia wakulima waje benki wachukue malipo. Walikuja tangu alfajiri. Foleni ilitoka mlangoni ikapinda kona, wazee wamekalia magunia, kina mama wamebeba watoto mgongoni.

Katikati ya hiyo foleni akapita Theuri, mdogo wake Wamae, kitinda mimba wa nyumba yao, matope yamemfika magotini. Watu wakamkemea, ati apange laini kama wengine. Hakuwasikiza. Akaenda moja kwa moja mpaka ofisi ya meneja, akasimama bila kuketi.

"Baba anakuita," alisema. "Ameoga. Ameketi nje kwa kigoda na kibuyu ya maziwa, amekataa kurudishwa ndani mpaka ukuje."

Wamae alielewa mara moja. Kwetu, mzee akiona siku zake zinakwisha humwita kifungua mimba wake. Hunywa funda la maziwa, akamtemea kidogo kidogo viganjani, huku akimtamkia maneno mazuri ya maisha, yeye na watoto watakaomfuata. Wamisheni waliita jambo hilo uchafu, lakini hata wazee wa kanisa walilifanya, wakimtaja Mungu. Baraka hiyo haitumwi na mtu wala haiwekwi akiba. Ni kinywa na kiganja.

"Mwambie nikifunga nakuja," Wamae alisema.

"Utafunga saa ngapi?"

"Watu wakiisha."

Theuri alitazama nje kupitia kioo, akaitazama ile foleni mpaka ilipopindia. "Hawa hawaishi, Wamae," alisema, akaenda zake.

Dawud alirudi kutoka msikitini akazipata habari kwa tarishi. Akaingia ofisini, akafunga mlango nyuma yake. Alimwambia Wamae ampe ule ufunguo, aende, hakuna atakayejua.

"Bwana meneja, mimi nimetoka kuswali sasa hivi. Unafikiri nitaiba nikiwa na udhu?"

"Si wewe, Dawud. Funguo mbili kwa mkono moja, hapana. Na yule mwingine anaruhusiwa kushika ameenda likizo."

"Basi funga benki. Waambie hawa watu warudi kesho."

Kichwani Wamae alimsikia tena yule Mzungu na maneno yake ya shangazi anayekohoa. Aliwaona wakulima wakirudi milimani mikono mitupu, wakisema mtoto wa Ngatia amepewa kiti akakifanya cha nyumbani kwao. Akachukua kalamu, akaendelea kutia sahihi. Dawud alisimama kidogo, akatikisa kichwa, akarudi mahali pake.

Mtu wa mwisho alipotoka, jua lilikuwa limeinama. Walifunga sefu pamoja, kila mmoja na ufunguo wake, na Wamae akapanda gari akaendesha kama mtu anayefukuzwa. Pale ambapo gari halikupita alishuka akakimbia, na viatu vyake vizuri vikazama kwenye tope.

Alikuta kigoda kimelazwa ubavu. Ndani mama yake alikuwa anafunika kitu kwa blanketi, polepole, kama anayeogopa kumwamsha mtu. Theuri alikuwa amesimama uani, mikono ameinyoosha mbele, maziwa yamemkaukia viganjani.

"Alingoja," Theuri alisema. "Jua iliposhuka nyuma ya milima ya Nyandarua akaniambia ninyooshe mikono. Ningemkataza aje?"

Wamae hakulia. Aliuliza kama baba alisema kitu juu yake. Theuri alitazama chini.

"Alisema, 'Aliyeitwa hakuitika.' Basi."

Kwenye mazishi, mzee mmoja aliyeitwa Kingori alimvuta Wamae kando ya migomba. Huyu mzee alikuwa kwenye foleni ile Ijumaa, akasikia habari baadaye njiani. Hakuwa na hasira, na hilo ndilo lililomuumiza Wamae zaidi.

"Mwana wa Ngatia, mbona hukutoka nje utuambie? Sisi tungekusukuma kwa gari na mikono yetu. Tungelala hapo kwa magunia mpaka asubuhi. Nani hapa anaweza kuzuia mtoto wa mtu ameitwa na baba yake?"

Ndipo Wamae alipoelewa. Alikuwa amewaficha wakulima wa Nyeri jambo ambalo Mzungu tu ndiye asingelielewa.

Benki yenyewe haikujua lolote, ikaendelea kumpandisha. Alipelekwa Nanyuki, akapelekwa Embu, mpaka akawa mkubwa wa matawi yote yanayouzunguka Mlima. Alipewa gari na dereva, akajenga nyumba ya mawe mtaa wa Skuta, mjini Nyeri. Lakini akienda nyumbani kwao kwa mkutano wa ukoo, aliyefungua kwa maombi alikuwa Theuri. Ng'ombe akizaa, mtoto akitahiriwa, aliyeitwa alikuwa Theuri. Naye Theuri, maskini, aliona haya. Alikuwa akimpisha kaka yake kiti, na wazee wakimrudisha Theuri hapo hapo bila kelele.

Mchungaji alimwambia Wamae kwamba baraka ni ya Mungu, mzazi ni mfereji tu. Wamae alikubali, akasema amina. Kichwa kiliamini. Kifua kilikataa.

Kisha binti yake wa kwanza, Murugi, akapata mchumba wa Nanyuki. Siku ya kumtoa nyumbani kwenda kuolewa, wageni walijaa uani Skuta, na Murugi akapiga magoti mbele ya baba yake, amenyoosha viganja. Wamae akaletewa kibuyu cha maziwa. Akakishika. Alikiinua mpaka karibu na mdomo, akakaa hivyo muda, kisha akageuka akamkabidhi Theuri.

Murugi aliongea chini chini, wengine wasisikie. "Baba, mimi nilitaka yako."

"Yangu ni maziwa tu, mama," alimjibu. Alimwita hivyo kwa sababu alikuwa na jina la nyanya yake, mama mzazi wa Wamae. "Sikupewa kitu ya kukupa. Chukua ya huyu, hii ni ya kweli."

Theuri akanywa funda, akamtemea viganjani, akambariki mtoto wa kaka yake kwa maneno aliyoachiwa na mzee Ngatia, moja baada ya jingine. Murugi alitazama maziwa viganjani mwake, hakumtazama mtu. Wakwe wakaanza kuimba. Wamae akatia mikono yake mifukoni mwa koti, ikabaki humo mpaka wageni wa mwisho walipotoka langoni.