Takataka Nilizorudisha Uani

Nilipokuwa mtoto, kwetu Shari, mjini Bunia, ua haukufagiwa mpaka aliyesafiri arudi. Koko, nyanya yetu aliyemzaa mama, alisema ufagio humfutia msafiri njia, akabaki kuzunguka ugenini.

Mama alikuwa akienda Tchomia kununua samaki wakavu wa kuuza sokoni. Safari moja alichelewa. Mvua ilikuwa imeharibu barabara, na kila jioni nilikaa mlangoni nikiwatazama mama wa wengine wakipita.

Siku moja nikatoka shule nikakuta ua unang'aa. Tantini, mke mpya wa mjomba, alikuwa amekuja kutusalimu kutoka Mahagi, na kwa adabu ya ugeni alikuwa ameufagia wote.

"Tantini, umefuta njia ya mama!"

"Weye! Mama yako alipanda lori, hakupanda ufagio!"

Alicheka sana. Koko hakucheka, na hilo ndilo lililoniogopesha. Nikakimbilia shimo la takataka nyuma ya jiko, nikabeba majani na maganda ya mahindi kwa mikono, nikayamwaga uani.

"Huyu mutoto iko wazimu?" aliuliza Tantini.

"Muache," Koko alisema. Kisha akaniita polepole: "Na hapa kwa mulango, umesahau."

Mama alifika kesho yake, tope mpaka magotini. Akasimama, akatazama.

"Yesu! Nimeenda tu kununua samaki, na munakuwa nguruwe?"

Nilishika kitenge chake, kilichonuka moshi, nikakataa kukiachia hata alipotaka kunawa.

Baadaye nilisoma chuo kikuu, nikajifunza kueleza mambo kwa sababu zake. Elimu hiyo haikunisaidia chochote mke wangu alipokuwa akienda Bambu kuwauzia wachimba dhahabu nguo. Nilimngoja kwa woga uleule wa utotoni, na akifika nilijifanya nilikuwa nasoma.

Alifariki mwaka jana. Si barabarani; nyumbani, kwa ugonjwa, nikiwa nimemshika mkono.

Siku hizi watu huniuliza kama siogopi, kwa hali ya barabara zetu. Siogopi tena. Sina ninayemngoja. Zamani niliuona woga ule kama mzigo, na Mungu anajua nilivyoomba uniondokee. Leo ningeupokea tena wote, jioni baada ya jioni, bila kuomba upunguzwe.