Wanyama wa Mwanga Sebuleni

Binti yangu wa miaka saba aliamua kwamba madoa ya mwanga yanayocheza ukutani mwetu ni wanyama hai, na kwamba nikifunga pazia watakufa. Mchana wa Garissa bila pazia ni tanuri.

"Hooyo, mama, usiwaue!" alilia, akiling'ang'ania pazia.

Nilimfokea. Kisha nikamwomba mama yangu, aliyetutembelea kutoka Eldas, amweleze mtoto ukweli. Mama, mfugaji maisha yake yote, aliutazama ukuta kwa makini.

"Wana maziwa hao?"

"Kidogo, ayeyo. Asubuhi tu," binti yangu akamjibu bibi yake.

"Basi waache walishe," mama akaniambia.

Nilichukua daftari za wanafunzi wangu nikaenda kusahihishia jikoni, jasho likidondokea wino, huku bibi na mjukuu wakibishana yupi ana mimba.